Gongo la hoki la wapiga penati kona: kwa mfliki safi kabisa, kwa beki wa nyasi ni kero

Nianze na jibu la kama ununue gongo hili au usinunue, maana najua wengi mnataka jibu tu mwende zenu. Kama kwenye timu yenu wewe ndo mpiga penati kona, na mnapata tafu, yaani kiwanja cha nyasi bandia, hata mara moja moja, nunua usiwaze. Kama wewe ni beki kama mimi, na kiwanja chenu ni nyasi za mashimo mashimo, hiyo pesa nunua gongo la nusu bei, ongeza viatu na vikinga ugoko vya maana, na chenji utabaki nayo. Walio na muda tuendelee.

Gongo lenyewe ni la daraja la juu, asilimia 95 kaboni, inchi 37 na nusu, mpindo wa chini kabisa, jeusi na maandishi ya kijani yanayometameta ukilielekeza kwa jua. Kampuni siitaji kwa sababu mbele nina malalamiko na mimi kesi siziwezi, na isitoshe kampuni zote kubwa zina gongo la namna hii, tofauti ni rangi na jina la mchezaji waliyempa hela abandikwe kwenye picha. Ukiangalia karibu na gripu kuna kistika kidogo cha kuonyesha limetengenezwa Pakistan, na hilo halinishangazi, mji wa Sialkot ndo jiko la magongo ya nusu ya dunia, chapa za Ulaya nyingi tu zinatoka huko.

Hili tulichanga kwenye klabu hapa Mombasa kumnunulia mpwa wangu, ndo mfliki wetu, yaani mpiga penati kona wetu, yuko chuo Nairobi anashuka likizo na wikendi za mechi. Asipokuwepo gongo linalala kwangu, na gongo la bei hiyo halilali bure, kwa hivyo nimelichezea sana tu mazoezini na kwenye mechi. Chukulia hii ni rivyu ya watu wawili, kijana mmoja anayelipenda na mjomba wake anayelivumilia.

Kwanza mpindo, maana ndo unalipia hicho. Gongo la hoki ukililaza sakafuni utaona halikai sawasawa, limejikunja kama upinde kidogo. Sheria inaruhusu mpindo usizidi milimita 25, na ile sehemu iliyopinda zaidi isishuke chini ya milimita 200 kutoka chini ya kichwa. Magongo ya kawaida sehemu hiyo iko juu juu karibu na katikati, hili limeshushwa mpaka mwisho wa ruhusa. Zamani kulikuwa na magongo yaliyopinda zaidi ya hapo, watu wakawa wanarusha mipira mpaka ikawa hatari, ndo wakabana. Refa akikushuku anapitisha gongo kwenye pete ya milimita 51, lisipopita hulichezei. Hili linapita, tumelijaribu, lakini kwa kichwa linapita kwa kubanabana kidogo kwa hiyo ukifunga teipu pale kwenye kichwa kuwa mwangalifu.

Sasa kwa nini mtu atake mpindo ushuke hivyo? Lazima uelewe penati kona. Mpira unatolewa kwenye mstari wa nyuma, angalau mita 10 kutoka kwa mlingoti wa goli, unazuiwa nje ya D, yaani lile eneo la nusu duara mbele ya goli, ndo unaingizwa na kupigwa. Wazuiaji ni watano tu na kipa akiwemo, wote wako nyuma ya mstari mpaka mpira utolewe, halafu wanakuja mbio kama wamefunguliwa geti. Ukipiga shuti la kugonga, shuti la kwanza lazima lifike golini chini ya sentimita 46, yaani usawa wa ule ubao wa nyuma ya goli. Lakini ukifliki, yaani huugongi mpira, unausukuma na kuuburuta kisha unauachia, unaruhusiwa kwenda urefu wowote. Hapo ndo siri ilipo. Kipa aliyelala kufunika ubao hana habari na mpira unaokwenda kwenye kona ya juu. Na ule mpindo wa chini ndo unaukumbatia mpira wakati unauburuta, unatulia pale pale kwenye shingo ya gongo, unateleza kuelekea kichwani, na ukitoka unatoka na mzunguko na kasi ambayo gongo la kawaida halikupi kirahisi.

Nikizungumzia fliki siwezi kumruka Sohail Abbas. Mpwa wangu simu yake imejaa video za huyo bwana, nyingine zimepigwa kwa kamera mbovu mpira huuoni, unaona tu wavu unatikisika. Na kwa rivyu hii nadhani maisha yake ya hoki yanafaa kuliko tangazo lolote la dukani, kwa sababu ukiyafuata vizuri unajua gongo hili linaweza nini na haliwezi nini.

Sohail ni mtu wa Karachi, alianza kuchezea timu ya taifa ya Pakistan 1998. Na hapa ndo wengi hawajui: alikuwa beki. Si straika, beki. Kazi yake ni kukaa nyuma, halafu penati kona ikipatikana anapanda, anapiga, anarudi. Mwaka 2004, tena kwenye mechi dhidi ya India, aliivunja rekodi ya Mholanzi Paul Litjens ya mabao 267 ya kimataifa iliyokuwa imekaa tangu miaka ya 80, na hakuishia hapo, alimaliza na 348. Mia tatu arobaini na nane, beki! Mwaka huo huo kwenye Olimpiki ya Athens alifunga 11 akawa mfungaji bora wa mashindano yote.

Haya, na Pakistan Athens ilimaliza ya ngapi? Ya tano. Sydney 2000 akiwemo, ya nne. London 2012 akiwa kapteni na ndo aliyebeba bendera ya nchi siku ya ufunguzi, ya saba. Kombe la Dunia la 2010 pale Delhi wakashika mkia kabisa, ya 12 kwa timu 12, ingawa mwaka huo huo mwishoni wakachukua dhahabu ya michezo ya Asia kule Guangzhou. Olimpiki tatu, mfungaji mkubwa kuliko wote, na medali ya Olimpiki hana hata ya shaba. Simdharau, wallahi ningekuwa na robo ya kiuno chake nisingekuwa naandika rivyu ningekuwa nasaini magongo. Ila nasema hivi: mpiga kona wa kwanza duniani bado anahitaji mtu wa kuingia kwenye D na kuzitafuta hizo kona, mtu wa kuutoa mpira vizuri, mtu wa kuuzuia pale pale usidunde hata kidogo. Gongo la elfu thelathini halikuletei hao watu watatu. Sisi tumekuwa na mechi ambazo tunapata kona moja tu, gongo limekaa dakika 60 linangoja, na hiyo moja mtoaji kautoa mpira unarukaruka kama panzi, kona imeisha.

Angalia na Gonzalo Peillat, huyo kwangu ndo kiboko kwa kisa chake. Rio 2016 akiwa na Argentina aliwapiga Ujerumani mabao matatu kwenye nusu fainali, wakashinda 5-2, wakaenda kuchukua dhahabu na yeye akawa mfungaji bora na mabao yake 11. Baadaye akahamia Ujerumani, akachukua uraia, akawachezea hao hao aliowaliza, na Kombe la Dunia 2023 kwenye nusu fainali na Australia akapiga tena matatu, wakashinda 4-3, na kombe wakabeba. Mtu mmoja, jezi mbili, kazi ile ile. Ukitaka kujua gongo la mpindo wa chini limetengenezwa kwa ajili ya nani, ni kwa mtu kama huyo, ambaye nchi nzima inamsubiri aitwe kona.

Rudi kwetu sasa. Mpwa alilijaribu kwanza pale kwenye tafu ya City Park Nairobi, mimi nilikuwa nimepanda kwa shughuli zangu nikapita kumuona. Tafu ikiwa imemwagiwa maji gongo hili linaimba. Mpira unaanzia karibu na mguu wa kulia, anainama mpaka goti la nyuma linakaribia kugusa chini, mguu wa kushoto unatua mbele ya mpira, kiuno kinageuka kwanza, mikono ndo inafika mwisho. Unasikia msuguano mdogo, fssss, halafu kimya, halafu wavu. Na gongo lake la zamani mpira ulikuwa unatoka mapema, unapanda kabla hajamaliza kuzungusha, nusu zinapita juu ya mwamba. Na hili zinashuka zinaingia. Akanigeukia akaniambia, "Mjomba, hili linafliki lenyewe." Nikamwambia asidanganyike, bila hicho kiuno chake ni mbao tu, mbao ghali.

Kiuno nacho tukiseme. Hii kazi inakula mgongo. Makocha wenye akili wanahesabu fliki za mazoezini, hawamwachi kijana apige mpaka giza. Gongo jipya linakuja na tamaa, kila mtu anataka kufliki, na wiki ya kwanza kijana alikuwa anatembea ameshika mgongo kama mama mjamzito. Tukampangia, mfuko mmoja wa mipira, basi.

Kwa upande wangu sasa, beki, nyasi, Mombasa. Hapa ndo mapenzi yanaisha. Kaboni asilimia 95 ni ngumu, haina utani, mpira ukija kwa kasi unadunda kwenye gongo unakwenda kwa mpinzani, lazima ulegeze mikono sana ndo utulie. Kwenye tafu mpira unakuja umelala, unajua utafikia wapi, kwenye nyasi zetu unakuja unaruka, umepanda kidogo, sasa changanya mruko na gongo gumu na ule mpindo uko chini hasa pale unapotaka kuzuia. Kwenye kugonga pia, ukichelewa kidogo tu mpira unapaa, na beki anayepaisha mpira kwenye kundi la watu anapigiwa filimbi. Ukigonga vibaya kwenye ncha, unasikia umeme mpaka kwenye kiwiko. Kulilaza gongo chini kuzuia mpira ni sawa, rivasi, yaani kuucheza mpira kwa gongo lililogeuzwa, iko poa, hapo silikosoi. Na ule mpira wa juu wa kuvusha timu nzima ni mtamu sana na hili, nakubali, mpira unachotwa kama uji kwenye upawa. Lakini beki anatoa mipira ya juu mingapi kwa mechi?

Ndo nikawa namfikiria Avtar Singh Sohal. Vijana wengi wa leo hawamjui na ni aibu. Mzaliwa wa Nairobi, beki, aliichezea Kenya Olimpiki nne mfululizo, Roma 1960, Tokyo 1964, Mexico 1968, Munich 1972, na tatu za mwisho akiwa kapteni. Mechi 167 za kimataifa kati ya 1957 na 1972, wakati ambao timu hazikuwa zinasafiri kila mwezi kama sasa. Tokyo tulimaliza wa 6, na kwenye Kombe la Dunia la kwanza kabisa, Barcelona 1971, Kenya ilikuwa ya 4. Ya nne duniani! Na vyote hivyo kwa gongo la mbao, kichwa cha mforsadi na mpini wa henzirani, halina kaboni hata chembe, na wakati huo kwenye kona mpira unazuiwa kwa mkono mwenzako anaugonga. Gongo la mbao linameza mpira, linatulia nao. Kwa beki wa kwenye nyasi ile ndo raha.

Halafu tafu ikaja. Olimpiki ya kwanza kuchezwa hoki kwenye nyasi bandia ni Montreal 1976, na sisi hatukuwepo, tuligoma, na Moscow 1980 tukagoma tena, ambako majirani zetu Tanzania walikwenda wakakutana na India wakala 18-0, maskini. Tuliporudi Los Angeles 1984 wenzetu walishabadilika, na Seoul 1988 ndo mwisho wa wanaume wetu kuonekana Olimpiki. Sisemi sababu ni tafu peke yake. Lakini mchezo ulihamia kwenye zulia la bei mbaya, magongo yakafuata zulia, na sisi tulio wengi tukabaki kwenye nyasi tunanunua magongo yaliyopikwa kwa ajili ya zulia. Ndo maana nakasirika nikiona muuzaji anamwambia mtoto wa shule anayecheza kiwanja cha vumbi kwamba "hili ndo wanatumia mapro". Ndiyo wanatumia, kwani mapro wanacheza kwenye vumbi?

Uimara: kichwa kimeanza kumenyuka rangi upande wa ncha, kwenye nyasi zenye vijiwe hilo lilitegemewa. Kaboni haipendi kugongwa gongo kwa gongo, na beki tackle zake ni hizo hizo, kwa hiyo kuna kijistari kimeanza hapo chini kidogo ya shingo ambacho nakitazama kila siku kwa jicho baya. Uzito wameandika gramu 535, nikalipeleka kwa jirani yangu muuza viungo akaniwekea kwenye mzani wake wa iliki, ikaja 540 na kitu, sina neno. Gripu ya kiwandani kwa joto letu haifai, nusu ya kwanza tu ishalowa jasho inateleza kama sabuni, tukafunga juu yake gripu ya raketi ya tenisi, ya bei ndogo tu, na shida ikaisha. Kama uko Pwani fanya hivyo siku hiyo hiyo unapolipokea.

Duka sasa. Tuliagiza mtandaoni kwa duka moja la Nairobi. Picha ilionyesha gongo na mfuko wake, kikaja gongo peke yake limezungushiwa nailoni na teipu, limetupwa chini ya basi la usiku pamoja na magunia ya viazi. Nikauliza mfuko uko wapi, nikaambiwa mfuko ni "wa kuonyesha". Ule mstari wa kwenye shingo ulipotokea nikauliza habari ya garantii, wakasema nitume picha, nikatuma, tiki mbili za bluu na kimya mpaka leo. Bei waliyotutoza ilizidi elfu thelathini kidogo, bila parseli. Kwa hiyo ushauri wangu wa bure, kama unaweza kufika dukani fika, lilaze gongo mezani uone mpindo kwa macho yako, pitisha kidole kwenye kichwa chote usikilize kama kuna mahali rangi imeficha ufa, na omba risiti iliyoandikwa neno garantii kwa herufi, si kwa mdomo.

Kijana ananiambia msimu ujao anataka la pili la aina hiyo hiyo awe na akiba, nikamwambia sawa, tutachanga, ila mimi mchango wangu wa kwanza unakwenda kwenye gongo langu mwenyewe, kaboni asilimia 30 au 40 hivi, iliyobaki faibaglasi, mpindo wa katikati, hata likiwa la rangi ya waridi sijali.

Nyota: kwa mfliki wa kwenye tafu, nne na nusu, hiyo nusu iliyokatwa ni ya gripu. Kwa beki wa nyasi, mbili. Duka, nyota moja, na hiyo ni ya konda wa basi aliyenipigia simu saa kumi na moja alfajiri kuniambia mzigo umefika na amelitoa chini ya viazi.